Jina Lilipozikwa, Timu Nayo Ikafifia

Msomaji, mwulize kijana yeyote hapa Nkubu kuhusu Gor Mahia au AFC Leopards, atakujibu bila kusita. Mtajie Luo Union, huenda akakukodolea macho tu.

Lakini hiyo haikuwa timu ya mchezo. Ilitwaa ligi ya Kenya 1964 na 1975. Mwaka 1976 na 1977 ikawa bingwa wa klabu za Afrika Mashariki na Kati, mara mbili mfululizo, wakati ambapo kabumbu nchini ilikuwa ya ridhaa.

Iliponzwa na nini? Mwaka 1980 serikali ya Rais Moi iliamuru vyama vya kikabila vivunjwe. Wazee wa Meru na Embu wanaijua amri hiyo. Ndiyo iliyoizima GEMA, chama chao na Wakikuyu. Timu nazo zikatakiwa kubadili majina. Abaluhya ikawa AFC Leopards. Gor Mahia, kwa muda, ikajiita Gulf Olympic Rangers, hivyo herufi GOR zikabaki. Luo Union ikawa Re-Union.

Re-Union haikutwaa ligi tena, na leo haimo katika ligi kuu. Kweli, mashabiki wengi walikuwa wamekwisha kuvutwa na Gor Mahia, iliyoundwa 1968. Lakini wenzake walibakiwa na herufi za kushangilia. Yeye alianza upya.

Kuwaunganisha wananchi ni jambo jema. Hata hivyo, timu huishi midomoni mwa watu. Basi leo baada ya chakula, mwombe babu akusimulie.