Upweke ni Suala la Afya: Usiidharau Salamu ya Barazani

Mtu anaweza kubanana na mamia ya wenzake kwenye feri ya Likoni kila asubuhi na bado akawa mpweke, kwa kuwa hakuna anayemjulia hali. Ripoti ya Shirika la Afya Duniani (WHO) ya mwaka wa 2025 inaonyesha kwamba mtu 1 kati ya 6 duniani huathirika na upweke. Hali hiyo huongeza hatari ya kiharusi, maradhi ya moyo na kisukari.

Wengi wetu tukisikia hayo hufikiria familia na marafiki. Tunawasahau watu tunaowajua kwa sura tu: mama wa mahamri, utingo wa matatu, mwenye kibanda cha mboga. Nchini Kanada, watafiti Gillian Sandstrom na Elizabeth Dunn waliwaomba baadhi ya wateja wa mkahawa wamsemeshe muuzaji, na wengine wanunue upesi na kuondoka. Waliozungumza walitoka na furaha zaidi.

Wakazi wa Mji wa Kale, Mombasa, hawakungoja utafiti. Nyumba nyingi za huko zina baraza la mawe mbele ya mlango. Jioni muuza kahawa hupita akigonganisha vikombe, watu wakaketi, kahawa tungu ikanywewa na habari za mtaa zikazungumzwa (ubishi wa mpira ndio huwachelewesha kulala). Na mzee asipoonekana siku mbili, lazima mtu aulize yuko wapi. Katika majumba mengi ya kupangisha hakuna wa kuuliza.

Kulipa bili kwa simu na kuletewa bidhaa kwa bodaboda kumetuondolea foleni, jambo jema. Lakini kwa mjane anayeishi peke yake, safari ya dukani huenda ndiyo mazungumzo yake pekee ya siku hiyo. Mwenye duka, weka benchi kivulini, wala usimharakishe.

Jirani akiadimika, mbishie hodi. Ukiona ameacha kula, halali au anazungumzia kujidhuru, usimwache peke yake. Mjulishe mhamasishaji wa afya ya jamii wa mtaa wako, ambaye kazi yake ni kuzuru nyumba kwa nyumba, au mfikishe katika kituo cha afya kilicho karibu siku hiyo hiyo.