Kisiwa cha Miti Kando ya Tanganyika

Mtu wa Lemera haogopi mlima. Tumezaliwa juu, soko lilikuwa chini, kwenye uwanda wa Ruzizi, na kila kilo ya chumvi tuliipandisha kwa miguu. Ndiyo maana kiongozi wetu katika Hifadhi ya Taifa ya Gombe alipoviangalia viatu vyangu, akasema taratibu, “Mwalimu, mbele kuna kupanda, tutaenda mdogo mdogo,” nilitabasamu tu. Baada ya robo saa nilikuwa nimekumbatia shina la mti, natafuta hewa. Miaka mingi ya kufundisha biolojia mjini Uvira, upande wa Kongo wa ziwa, kwenye tambarare, ilikuwa imenila magoti. Kijana yule hakucheka. Alijifanya anatafuta ndege juu ya miti mpaka pumzi zangu ziliporudi.

Tulikuwa tunaelekea maporomoko ya Kakombe. Gombe iko Tanzania, kaskazini ya mji wa Kigoma, na hakuna gari linalofika. Unapanda boti, unaambaa na ufuko, unashuka Kasekela, unakabidhiwa kiongozi. Bila yeye huingii msituni. Ukiwa na mafua unabaki ufukweni, na sababu yake tutaiona. Njiani tulipita kando ya wavuvi wanaoanika samaki. Wao huwaita dagaa, sisi wa Uvira ndagala. Wao husema mgebuka, sisi mukeke. Ziwa ni moja, samaki ni wale wale, majina tu ndiyo yamegawana pwani.

Kwenye ramani Gombe si kisiwa: upande wa mashariki imeshikana na nchi kavu. Lakini kaa botini uitazame kutoka majini. Utaona vilima vya mashamba, vyekundu na vya kahawia, halafu ghafla ukuta wa kijani, halafu mashamba tena. Hifadhi yote ni ndogo. Mbele kuna ziwa, nyuma na kandokando kuna mihogo, michikichi na nyumba za watu. Kwa mnyama wa msituni, shamba la mihogo na maji ya ziwa havitofautiani sana: vyote viwili ni mahali pasipokalika.

Ili kujua kwa nini kuna maporomoko hapa, inabidi turudi nyuma mamilioni ya miaka. Ardhi ya sehemu hii ya Afrika inavutwa pande mbili. Ilipopasuka, sakafu ikazama na kingo zikainuka. Sakafu iliyozama ndiyo imebeba Ziwa Tanganyika, lenye urefu wa zaidi ya kilomita 670 na kina cha mita 1,470 hivi, la pili duniani kwa kina baada ya Baikal la Urusi. Kingo zilizoinuka ni milima yetu. Ukuta wa magharibi wa ufa huo ndio unaopita Lemera na kushuka nyuma ya Uvira. Ukuta wa mashariki unapita Gombe. Basi sisi na wao tumejenga kwenye kingo mbili za mtaro mmoja.

Uso wa ziwa uko kwenye mita 770 hivi juu ya usawa wa bahari, na migongo ya juu ya Gombe inapita mita 1,500. Umbali kati yao ni kilomita chache tu. Kijito kinachoshuka mita mia saba katika mwendo mfupi namna hiyo hakitembei, kinakimbia. Kinapokuta mwamba laini kinauchimba. Kinapokuta mgumu kinashindwa, na chini yake kinaendelea kuchimba. Ngazi inatokea, na kila msimu wa mvua unaifanya ndefu zaidi.

Ngazi ya Kakombe ina urefu wa mita 25 hivi. Hatukuiona kwanza, tuliihisi. Majani yalikuwa yametulia kote, hewa nzito ya mwezi wa tatu, kisha kwenye kona moja upepo wa baridi ukanipiga usoni. Maji yanayoanguka huburuta hewa pamoja nayo. Ikifika chini haina pa kwenda ila kutawanyika pande zote, ikibeba vumbi la maji. Kwa urefu ule, tone hutumia sekunde mbili na kidogo kufika chini, na kama hewa isingelizuia lingegonga jiwe kwa mwendo wa karibu kilomita 80 kwa saa. Sauti nayo haitokani na kishindo cha maji peke yake. Maji yakitumbukia humeza hewa, na kila kiputo kinachonaswa hutetemeka kama ngozi ya ngoma: kikubwa hutoa sauti nzito, kidogo nyembamba. Ule mngurumo ni maelfu ya viputo vikilia kwa pamoja.

Mahali penyewe ni korongo jembamba. Kuta zimevaa kijani kibichi, kamba za msituni zinaning'inia hadi karibu na maji, na jua hupenya kwa vipande tu. Hapa ndipo sokwe, sokomutu kama tunavyowaita kwetu, wakati mwingine hufanya jambo ambalo limewasumbua wataalamu kwa miaka mingi.

Dume hufika, nywele zimemsimama. Anaanza kuyumba kutoka mguu huu hadi huu, kwa mdundo, anakanyaga maji ambayo kwa kawaida sokwe huyakwepa. Anainua mawe na kuyatupa. Anashika kamba, anabembea mbele ya maji yanayoanguka. Inaweza kuchukua dakika kumi au zaidi. Kisha, mara nyingine, anakaa kwenye jiwe na kuyatazama maji tu. Jane Goodall, aliyefika Gombe tarehe 14 Julai 1960 akiwa na miaka 26 na kufariki tarehe 1 Oktoba 2025, alijiuliza kama hapo tunaona mbegu ya ule mshangao ambao kwa binadamu ulizaa ibada. Wengine ni waangalifu zaidi. Madume hufanya maonyesho yanayofanana na hayo mvua kubwa inapoanza, na pia wanapotaka kutishana. Huenda kelele na upepo wa maporomoko vinawasha mwili uleule. Mwalimu wa biolojia hulazimika kuwaambia wanafunzi kwamba tabia inaonekana, nia haionekani. Lakini nilipokuwa nimesimama pale, ngozi yangu mwenyewe ilikuwa imesisimka, na hakuna aliyeniuliza nia yangu.

Tunayajua haya kwa sababu kuna watu waliokaa na kutazama, mwaka baada ya mwaka. Mwezi Mei 1975 watu wenye silaha walivuka kutoka upande wetu wa ziwa, Zaire ya wakati huo, wakateka watafiti vijana wanne wa Gombe. Wote waliachiwa baadaye, lakini wanafunzi wa kigeni wakaondoka. Walioshika daftari na darubini wakawa Watanzania wa vijiji vya jirani. Mmoja wao, Hilali Matama, ndiye aliyekuwa ameshuhudia Januari 1974 madume wa kundi la Kasekela wakimvamia mwenzao wa zamani, tukio lililofungua vita vya miaka minne kati ya makundi mawili ya sokwe. Kiongozi wetu alipotaja majina ya sokwe, mama zao na bibi zao bila kusoma popote, nilielewa kwamba amelirithi daftari hilo.

Sasa turudi kwenye kisiwa. Mwaka 1967 Wamarekani wawili, Robert MacArthur na Edward O. Wilson, walichapisha kitabu kilichogeuza fikra za uhifadhi. Hoja yao inaweza kusemwa hivi: kisiwa kidogo hubeba aina chache za viumbe kuliko kikubwa, na kisiwa kilicho mbali na bara hupokea wageni wachache. Kila mara kuna wanaokufa na wanaofika. Mlango wa kufika ukifungwa, hesabu inashuka. Waliandika kuhusu visiwa vya baharini, lakini wahifadhi waliona upesi kwamba msitu uliozungukwa na mashamba unafuata hesabu ileile.

Gombe ina sokwe wapatao mia moja. Jike wa sokwe akikua kwa kawaida huhama kundi alilozaliwa, na ndivyo damu inavyochanganyika. Kwenye kisiwa atahamia wapi? Akibaki, hatari ya ndugu kuzaa na ndugu inakaribia. Ugonjwa nao ukiingia hauna pa kuishia: mwaka 1966 maradhi ya kupooza kama polio yaliwaua na kuwalemaza kadhaa, na baadaye mafua ya binadamu yaliua zaidi ya mara moja. Ndiyo sababu mgeni mwenye kikohozi huachwa ufukweni.

Kuna hasara nyingine isiyohesabika kwa vichwa. Sokwe wa Gombe huingiza kijiti kwenye kichuguu na kuvua mchwa, na hula nyama ya nje ya matunda ya mchikichi. Sokwe wa Mahale, kusini kwenye ufuko uleule, wana michikichi pia lakini hawali matunda yake. Hayo ni mapokeo: mtoto huyapata kwa kumwangalia mama. Kisiwa kikizama, kinazama na desturi zake, na huwezi kuleta sokwe wa kwingine ukawafundisha.

Dawa ya kisiwa ni daraja. Goodall aliiona Gombe kutoka angani na kushtuka kwa jinsi vilima vya kando vilivyokuwa vitupu. Mwaka 1994 taasisi yake ilianza mradi wa TACARE katika vijiji vya Kigoma, ukianza na vitalu vya miti, kisha maji, afya na mikopo midogo kwa akina mama. Vijiji vikatenga misitu yao wenyewe, wazo likiwa kuunganisha vipande hadi viwe ushoroba kuelekea kaskazini, upande wa Burundi. Mengi yalikuwa ni kuacha tu: visiki vilivyo hai huchipua vyenyewe moto na panga vikikaa mbali.

Tulipokuwa tunapumzika, kiongozi aliinama akachota maji kwa kiganja, akaninyooshea. “Usiku mvua imenyesha kubwa, mwalimu. Unaiona mistari ya mkono wangu?” Niliiona yote, kama kupitia kioo. Mvua ya usiku ilikuwa imeanguka kwenye majani kwanza, ikadondoka kwenye takataka laini za msituni, ikanywewa na udongo uliojaa mizizi, na sasa ilikuwa inatoka kidogo kidogo, imechujwa. Ndiyo maana Kakombe hutiririka hata kiangazi. Maporomoko yale ni risiti ya msitu ulioko juu yake.

“Na kwenu Lemera maporomoko yapo?” akauliza.

“Yapo.”

“Kiangazi pia?”

Nilichelewa kujibu. Nilikumbuka kijito ambako tulijaza bidoni tukiwa watoto, na jinsi katika likizo za mwezi wa saba za hivi karibuni nilivyowakuta watoto wakikwangua maji kwa kikombe. Nilikumbuka pia Aprili 2020, mto Mulongwe ulipofurika Uvira usiku, ukashuka na mawe, ukabeba nyumba na makumi ya watu. Mvua ilikuwa kubwa mno, na wengi tulikuwa tumejenga palipo njia ya mto. Msitu peke yake usingeizuia yote. Lakini kijito kinachokauka mwezi wa saba na mto unaoua mwezi wa nne ni ugonjwa mmoja. Mlima ulioacha kunywa hutema maji yote mara moja, kisha hubaki mtupu.

Maji ya Lemera hushuka Ruzizi, na Ruzizi huingia Tanganyika, humohumo yanamoingia maji ya Kakombe. Sehemu kubwa hupaa kwa jua. Yanayobaki hutokea Kalemie kwa mto Lukuga, yakaenda Lualaba na mto Kongo hadi Atlantiki.

Wiki mbili baada ya kurudi, mvua ilinyesha Uvira usiku kucha. Asubuhi, kabla ya kengele ya shule, niliteremka ukingoni mwa Mulongwe, nikakunja shati, nikachota. Maji yalijaa kiganjani, ya rangi ya chai ya maziwa. Nilingoja yatulie. Mwanafunzi wangu mmoja aliyekuwa akipita alisimama akaniuliza natafuta nini. Nilimwambia aje achungulie, anitajie kama anauona mkono.

“Siuoni, mwalimu,” akasema. “Naona mlima.”