Mti wa avoka juu ya mawe: tuulishe nini?



Mvua zimerudi, na katika parseli nyingi za Mugunga tunaona miche ya avoka imesimama katikati ya mawe. Wengi wenu mmetuuliza swali moja: tununue mbolea gani? Wiki hii tunajibu, na tunaanza na kosa letu wenyewe.

Msimu uliopita kikundi chetu kilipanda miche 12. Mama mwenzetu alitupatia mavi ya kuku bure, mabichi, yakiwa bado na moto ndani. Tukayajaza kwenye mashimo mpaka yakagusa shina. Baada ya wiki chache majani yakaanza kukauka pembeni, kisha yakaanguka. Tulidhani ni wadudu, tukanunua dawa. Miche 7 ikafa hata hivyo. Tulipong'oa mmoja tuliona mizizi imekuwa myeusi: tuliiunguza sisi wenyewe. Pesa ya miche ile ilitoka kwenye likelemba yetu, ndiyo maana inatuuma mpaka leo.

Kabla ya kuchagua mbolea, tuangalie kwanza tunapandia juu ya nini. Hapa kwetu udongo ni kidogo. Chini yake ni lava. Lava ya milima yetu haina umaskini: ina potasiamu nyingi, na inaiachia polepole kadiri jiwe linavyochakaa. Lakini inakosa vitu viwili. Haina naitrojeni, ambayo ndiyo inayokuza majani na matawi ya mti mchanga. Tena haishiki maji: mvua ikinyesha, maji yanateremka kati ya mawe na kupotea. Basi mbolea nzuri kwetu ni ile inayoleta naitrojeni na pia kushika maji.

Mavi ya mbuzi au ya sungura yaliyooza vizuri yanafanya kazi zote mbili. Ndiyo chaguo letu la kwanza. Mboji ya maganda ya ndizi, majani ya maharagi na takataka za jikoni ni nzuri pia. Mavi ya kuku yana nguvu kuliko yote, kwa hiyo yanahitaji subira zaidi.

Jivu la mbabula tuliweke kidogo tu. Halina naitrojeni, na potasiamu linayoleta tayari iko kwenye mawe yetu. Likizidi linaharibu udongo.

Mbolea ya dukani, kama ile ya 17-17-17, si mbaya. Lakini juu ya mawe matupu mvua inaiosha na pesa inakwenda nayo. Ukiwa nayo, mti wa mwaka wa kwanza unatosheka na kijiko kimoja cha chakula, udongo ukiwa na unyevu, tena juu ya samadi iliyooza ili kuwe na kitu cha kuishika.

Utajuaje kama samadi imeoza? Tia mkono katikati ya rundo. Ikiwa bado kuna joto au harufu kali, ngoja. Goma iko kwenye mita 1,500 hivi juu ya bahari, na usiku wetu una baridi. Kuoza kunachukua muda kuliko kule kwenye joto. Miezi mitatu si mingi. Iliyo tayari imepoa, ni nyeusi, na inanuka kama udongo baada ya mvua.

Namna ya kuiweka: nusu ndoo kwa mche mchanga, kila mwanzo wa mvua. Izungushe kama duara, shubiri mbili mbali na shina. Usichimbe kwa nguvu, maana mizizi ya avoka inayokula iko karibu na juu. Funika kwa nyasi kavu au majani ya mgomba, kisha weka mawe machache ili upepo na kuku visivuruge.

Sasa neno la mwisho, na tunaomba kila mama alisome mara mbili. Vitabu vingi vinasema mboji ichimbiwe shimo. Hapa Mugunga tusifanye hivyo. Sote tunaijua mazuku, ile hewa mbaya inayotoka ardhini na kulala kwenye mashimo na mabonde. Ni gesi ya kaboni, nzito kuliko hewa ya kawaida. Haionekani wala haina harufu. Inajikusanya zaidi usiku na asubuhi mapema wakati hakuna upepo. Mtoto anayeinama kuokota mpira shimoni yuko karibu nayo kuliko mtu mzima. Ukiona ndege au wadudu wamekufa mahali pa chini, usishuke kuangalia; ondoa watoto na uwaonye majirani.

Rundo la mboji tulijenge juu ya ardhi, mahali palipoinuka, na kulizungushia mawe. Mawe hayajatukosa kamwe.

Miche yetu 5 iliyobaki imetoa majani mapya. Rundo jipya tulilianza mwezi uliopita, nalo bado lina moto ndani. Safari hii tunangoja.