Je, Wajua? Wimbo wa Aliyekosa Mahari

Je, wajua kwamba "Malaika", wimbo unaopendwa sana harusini, unamhusu kijana aliyeshindwa kuoa? Anampenda msichana, lakini mfuko ni mtupu. Fadhili William aliurekodi Kenya mwanzoni mwa miaka ya 1960, Miriam Makeba akaupeleka duniani, na Boney M wakautoa upya mwaka 1981. Nani hasa aliutunga? Ubishi huo haujaisha. Wengi humtaja Adam Salim.

Maharusi wa Runyenjes, Kaunti ya Embu, wakiuchagua, kuna kichekesho ndani yake. Huku kwenye kahawa na majani chai, mazungumzo ya mahari hutangulia kanisa. Hebu wafikirie wazee waliobishania idadi ya mbuzi, sasa wameketi mstari wa mbele, wakitikisa vichwa kwa raha huku bwana harusi akiimbiwa umaskini wake! Mimi ningeuchagua hata hivyo: sauti yake ni tamu, na aliyemaliza mahari ana haki ya kuucheka.

Wazungu nao hawajasalimika. Ule muziki maarufu wa kumwingiza bibi harusi ulitoka kwenye opera ya Wagner, Lohengrin, ya mwaka 1850. Ndani ya opera hiyo, ndoa inavunjika usiku uleule.

Ukitaka wimbo wa namna hii, mwonyeshe padre au mchungaji maneno yake mapema. Akikataa usitumike ibadani, mpe DJ aupige hemani, keki inapokatwa.