Obokano yasifiwa ng'ambo, je, nyumbani nani aisikie?

MGENI akifika Daraja Mbili, mjini Kisii, siku ya soko, hatakosa muziki. Benga, rumba na nyimbo za injili hushindana madukani na ndani ya matatu. Lakini akiulizia albamu ya obokano, huenda akaelekezwa kwa mzee fulani huko Nyamira anayeipiga harusini.

Obokano ni ala ya Abagusii. Ina nyuzi 8 na bakuli kubwa la mti lililowambwa ngozi ya ng'ombe. Ni jamaa ya nyatiti ya Waluo na iritungu ya Wakuria, ila sauti yake ni nzito, ya kunguruma. Zamani nyuzi zilitokana na kano za ng'ombe; siku hizi wengi hutumia nailoni ya wavuvi. Mpigaji huketi kigodani, akapiga na kuimba: amsifu bwana harusi, amsute mchoyo, amlilie marehemu.

Anayependa bluzi, muziki wa Wamarekani weusi wa kusini, hatauona ugeni. Si kwamba mmoja alimzaa mwenzake. Ni kwamba kote kuwili yupo mtu mmoja, nyuzi chache, na dhiki inayosemwa bila kupambwa.

Ndugu msomaji, bluzi ina funzo. Robert Johnson alirekodi nyimbo 29 katika jimbo la Texas mwaka 1936 na 1937. Alifariki 1938 akiwa na umri wa miaka 27. Albamu iliyomtangaza duniani ilitolewa 1961, miaka 23 baada ya kuzikwa. Vijana wa Uingereza waliisikiliza wakatajirika kwa kufuata nyayo zake. Yeye hakuonja hata tone la asali hiyo.

Kwetu, mwaka wa 1993 ulikuwa wa ajabu. Ayub Ogada, mzaliwa wa Mombasa aliyekuwa amekwenda Uingereza mwaka 1986 na kupigia nyatiti hata katika stesheni za reli za London, alitoa albamu ya En Mana Kuoyo kupitia kampuni ya Real World. Wimbo wake Kothbiro ulitumika katika filamu ya The Constant Gardener mwaka 2005. Mwaka huohuo wa 1993, Ocora, lebo ya redio ya taifa ya Ufaransa, ilitoa CD mbili za muziki wa Nyanza, na ndani yake obokano ikasikika. Basi msikilizaji wa Paris aliweza kuinunua dukani, na mtoto wa Keroka je?

Kuirekodi si kazi ngumu, ila yataka subira. Milima ya Kisii na Nyamira ina mvua nyingi, na ngozi ikipata unyevu hulegea, sauti ikafifia. Lazima ianikwe juani au isogezwe motoni kwanza. Kisha kuna ule mvumo wa nyuzi. Fundi kijana wa studio asiyeijua ala aweza kuudhani ni kasoro, akausafisha. Akifanya hivyo ameua obokano, kwani mvumo huo ndio utamu wenyewe. Waitikiaji nao wasiachwe nje. Mwimbaji asiyeitikiwa ni kama msimulizi asiye na wa kumsikiliza.

Kwa nini basi nyumbani soko ni dogo? Jibu moja liko katika historia. Wakatoliki walifungua misheni Nyabururu mwaka 1911, na Waadventista wakafika Nyanchwa baada ya hapo. Walileta shule na matibabu, jambo la kushukuriwa. Lakini ala iliyozoeleka penye pombe na ngoma za usiku ilionekana kuwa ya washenzi, na waumini wengi wakafunzwa kuipa kisogo. Mtoto aliyekua akiambiwa kwamba babu alipiga upuuzi hataona sababu ya kuulipia upuuzi huo.

Hata hivyo, mambo hayajaharibika kabisa. Grandmaster Masese, mshairi na mpiga obokano, ameipandisha jukwaani mbele ya vijana wa mjini. Zipo redio zinazotangaza kwa Ekegusii. Na tangu 2016 Kenya ina sheria ya kulinda maarifa ya jadi na sanaa za jamii, ili mgeni asichume bila ridhaa ya wenyewe.

Lakini sheria haimpigii mtu makofi. Albamu hufaulu kwa wasikilizaji, na wasikilizaji hulelewa nyumbani. Mzazi anayelipia bendi na spika kubwa harusini hashindwi kumwalika mzee mmoja mwenye obokano, amlipe inavyostahili, na kuomba ruhusa ya kumrekodi. Simu iliyo mfukoni yatosha kuanzia.

Wahenga walinena, mtoto umleavyo ndivyo akuavyo. Tukiwalea wetu bila kuisikia obokano, siku moja watalazimika kuagiza sauti ya babu yao kutoka Ufaransa, tena kwa pesa za kigeni.