Isiolo, mji wa ng'ombe wasiomo katika karatasi

Aghalabu mkazi wa Nairobi atajiwapo Isiolo huwaza mambo mawili, vumbi na bunduki. Mimi, kwa sababu ya kazi yangu ya isimu, huwaza majina. Kwa miaka mingi sasa nimekuwa nikienda na kurudi katika mji huo mdogo ulio takriban kilomita 280 kaskazini mwa Nairobi, pale ambapo baridi ya Timau humwachia msafiri ghafla akaingia jotoni kabla hajapata kuvua koti. Leo naomba nafasi, msomaji mpenzi, niungame kosa nililolitenda huko. Lakini kosa lenyewe haliwezi kueleweka kabla ya mji kueleweka, kwa hivyo naomba uniwie radhi nikizunguka kidogo.

Tuanze na mitaa. Kuna Bulapesa, jina lililoungwa kwa neno la Kisomali la kijiji na neno letu la pesa, ambalo nalo lilivuka bahari kutoka Bara Hindi. Kuna Kambi Garba, Kambi Odha na Kambi ya Juu, na hiyo kambi tuliachiwa na Waingereza. Kuna Kulamawe, na anayejua Kiswahili hahitaji kufafanuliwa hali ya waliolipa jina hilo. Kuna Wabera, jina ambalo nitalirejelea baadaye. Ukitoka nje kidogo unafika Ngaremara, ambako 'ngare' ni maji katika lugha ya Wasamburu na Wamaasai, na kandokando yake unapita Ewaso Nyiro, mto uliopewa jina kwa rangi ya maji yake ya hudhurungi. Hatimaye kuna mahali paitwapo LMD. Ni herufi tatu tu za Kiingereza, kifupisho cha idara ya serikali iliyoshughulikia uuzaji wa mifugo, na sasa watu wamezaliwa humo, wakaoa na kuzikwa. Sijui mji mwingine nchini ambao historia yake imeandikwa waziwazi hivi katika vinywa vya makondakta wa matatu.

Majina hayo yanashuhudia jambo moja: Isiolo haikuota yenyewe, iliwekwa. Katika miaka ya 1890 ugonjwa wa sotoka uliteketeza mifugo ya Afrika Mashariki kiasi cha kuwafukarisha wafugaji wa makabila mazima. Walowezi walipotwaa nyanda za Laikipia na Nanyuki, serikali ya kikoloni ilikuwa na hofu mbili kuhusu ng'ombe wa kaskazini, maradhi yao na bei yao. Dawa ya hofu zote mbili ilikuwa karantini. Ng'ombe aliyetoka Wajir au Marsabit alilazimika kungoja Isiolo akaguliwe kabla ya kuruhusiwa kuteremka kusini. Na ng'ombe akingoja, mwenyewe naye hungoja. Humo wakaingia Wasomali wa Isaaq na Herti, wengi wao askari waliowapigania Waingereza katika Vita Vikuu vya Kwanza, waliopewa ruhusa ya kukaa hapo katika miaka ya 1920. Mwanzoni mwa miaka ya 1930 Waborana walihamishwa kutoka upande wa Wajir wakaletwa kwenye bonde la Waso. Waturkana walikuja kutafuta vibarua na kazi za uchungaji, Wameru wakateremka na mazao na miraa, na Wasamburu walikuwa na malisho yao jirani kabla ya kambi yoyote kupigwa. Leo kila mmoja wao ana simulizi ya kuthibitisha kwamba yeye ndiye wa kwanza, na uchaguzi ukikaribia simulizi hizo hunolewa kama visu.

Sheria ya mwaka 1902 na nyingine ya mwaka 1934 zilifanya kaskazini kuwa ardhi iliyofungwa. Hungeweza kuingia wala kutoka bila kibali. Ndiyo maana hadi majuzi ulimsikia mzee wa Isiolo akisema kwamba kesho anasafiri "kwenda Kenya," naye ana maana ya Nanyuki. Wanafunzi wangu hucheka nikiwaeleza hayo. Hawajui kwamba hata baada ya uhuru kizuizi hakikuondoka. Mnamo Juni 1963 Daudi Dabasso Wabera, mkuu wa wilaya wa kwanza Mwafrika pale Isiolo, aliuawa pamoja na Chifu Haji Galma Dido. Huyo ndiye Wabera wa mtaa niliokutajia, na wa ile barabara ya katikati ya Nairobi ambayo wengi huipita bila kujiuliza. Vita vya Shifta vilivyofuata hadi mwaka 1967 viliwamaliza Waborana wa Waso kimifugo. Watu walikusanywa katika vijiji vya lazima, wanyama wakafa kwa kukosa malisho au wakapigwa risasi, na sheria za hali ya hatari zilidumu kaskazini hadi mwaka 1991. Waliopoteza ng'ombe waliingia mjini. Usistaajabu basi ukiona mzee asiyekuwa na mbuzi hata mmoja akishinda sokoni kutwa nzima, yuko nyumbani.

Na soko ndilo nyumba hasa. Huko utamwona dalali, neno la Kiarabu lililotufikia sisi kwa njia ya pwani na likawafikia Wasomali kwa njia yao wakaliita dilaal, na sasa watoto hao wawili wa mama mmoja hukutana Isiolo wakiuza beberu. Mborana husalimu kwa nagaa na Msomali kwa nabad, yote mawili yakiwa ni amani, na hapana bei inayotajwa kabla ya amani kuulizwa: ya watu, ya mifugo, ya mvua. Akina mama huwa wamekwisha kupakia mitungi ya maziwa ya ngamia ya kupelekwa Eastleigh. Nimewahi kuona Mturkana na Msamburu ambao vijana wao walikuwa wamevamiana wiki iliyotangulia, wameketi juu ya gogo moja wakibishania meno ya maksai. Walibishana kwa Kiswahili.

Kiswahili hicho ndicho kilichonipeleka huko mara ya kwanza. Nilikuwa mwanafunzi wa uzamifu, nikiwa na kinasa sauti na dhana yangu juu ya upatanisho wa kisarufi. Katika Kiswahili sanifu twasema ng'ombe wangu, maadamu ng'ombe ana uhai. Katika soko la Isiolo wanasema ng'ombe yangu, na mbuzi yangu, na hata mteja yangu. Maofisa kutoka kusini huwacheka. Nami, nakiri, nilicheka moyoni.

Sasa nifike kwenye kosa. Ilikuwa katika kiangazi kikali cha mwaka 2009. Mzee mmoja Mborana ambaye nilikuwa nikimrekodi aliibiwa ng'ombe wanne usiku, akaniomba nimsindikize kwenye ofisi moja ya umma kuandikisha habari hiyo. Karani aliyekuwapo, kijana wa kutoka mbali, alichoka kumsikiliza, akanisukumia fomu na kalamu. "Mwalimu, wewe mnaelewana naye. Jaza."

Fomu ilikuwa na nafasi ya idadi, nafasi ya thamani, na nafasi ya rangi iliyokuwa na upana wa kidole. Nikamwuliza mzee rangi. Alifumba macho akaanza na wa kwanza, akalitaja neno moja la Kiborana, kisha pembe zilivyopinda, kisha masikio yalivyokatwa, kisha mama yake alikuwa nani na aliletwa kutoka kwa nani kama mahari. Akaenda kwa wa pili, na neno jingine. Wanne, maneno manne tofauti. Karani akaangalia saa. Nikamkatiza mzee, na hadi leo nikikumbuka nahisi aibu.

"Mzee, kwa kifupi, ni wekundu?"

Alifumbua macho akanitazama. "Hata nyekundu iko ndani," akasema.

Nikaandika: ng'ombe wanne, wote wekundu. Upatanisho ulikuwa sahihi kabisa. Yale maneno manne sikuyaandika popote, na kinasa sauti nilikuwa nimekiacha chumbani.

Majuma kadhaa baadaye mifugo iliyookolewa ilikusanywa katika boma moja, na wadai wakaitwa. Ng'ombe wa rangi ya kukaribia wekundu walikuwa wengi, na karatasi zilizosema "nyekundu" zilikuwa nyingi vilevile. Mzee aliingia bomani akawaonyesha watatu wake bila kusita, mmoja wao akamfuata. Afisa alisoma fomu, akasema haitoshi kuwa ushahidi. Alipewa yule mmoja, kwa sababu ya alama ya sikio iliyotambuliwa na wengine. Wawili walikwenda kwa mtu aliyekuwa na karatasi iliyosema hayo hayo niliyoyaandika mimi. Wa nne hakuonekana. Nilitarajia mzee anikasirikie. Alinirudishia nakala ya fomu, akasema kwa upole, "Mwalimu, umeandika vizuri sana, lakini ng'ombe yangu haiko ndani."

Nimelifikiria neno hilo kwa miaka mingi, na ninapofundisha ngeli siku hizi huanza nalo. Kiswahili sanifu kina vivumishi vitatu tu vya rangi vinavyochukua viambishi: -eupe, -eusi na -ekundu. Rangi nyingine zote tunazieleza kwa kuazima kitu kingine: majani, majivu, manjano. Si upungufu wa akili, ni historia. Lugha hii ililelewa baharini, na ndiyo maana inajua kutofautisha dau na mashua, ngalawa na jahazi, omo na tezi, na haimhitaji mtu kueleza foromali kwa sentensi nzima. Ilipopanda bara ilikuta watu wanaotazama ngozi ya mnyama kama nahodha atazamavyo mawingu. Waborana wana dalacha kwa yule wa kijivu na bure kwa mwenye madoa, na hayo ni machache niliyojifunza baadaye, nikiwa nimechelewa. Kwa Waturkana mwanamume huweza kujulikana kwa jina la dume lake alipendalo, na rangi ya mnyama imo ndani ya jina hilo. Sisi tumewaletea wekundu.

Huenda msomaji akasema kwamba mambo hayo ni ya kale, na kwamba sasa kuna simu zenye kamera. Ni kweli zinasaidia. Lakini mnyama wa nyika hapigwi picha kila asubuhi, na usiku wa wizi mwenye simu huenda yuko mjini ilhali mchungaji yuko malishoni. Wengine watasema wapigwe chapa; na wezi wa ng'ombe wanajua sana kuunguza chapa juu ya chapa. Wapo pia wenzangu wa taaluma ambao hawataki kusikia maneno ya makabila yakiingizwa katika Kiswahili. Hao nawauliza, dalali na pesa na karantini vilitoka wapi? Neno sotoka limo katika kamusi zetu, ingawa ugonjwa huo ulitangazwa mwaka 2011 kuwa umefutika duniani, na kisa chake cha mwisho kujulikana kilikuwa katika nyati wa Mbuga ya Meru, jirani ya Isiolo, mwaka 2001. Ugonjwa uliokufa una jina, na mnyama aliye hai hana!

Ukame wa kati ya mwaka 2020 na 2023, mvua za misimu mitano mfululizo zilipokosekana, ulipunguza mifugo ya Isiolo kiasi kwamba ng'ombe mmoja aliyebaki ni karo ya mtoto au hakuna karo. Ninachokiomba kwa hiyo si kikubwa. Ofisi za mifugo na za usalama katika kaunti zote za wafugaji zipanue ile nafasi ya kidole iwe nusu ukurasa, na ziruhusu jina la rangi liandikwe katika lugha ya mwenye mali, jinsi alivyolitamka. Ziwe na orodha ya maneno hayo ukutani, ya Kiborana, Kisomali, Kiturkana na Kisamburu, iliyothibitishwa na wazee wenyewe. Vyuo vikuu vina wanafunzi wanaotafuta mada za tasnifu usiku na mchana, watumwe sokoni. Nasi waalimu wao tuache kuwarudisha na wekundu mikononi.

Mwaka jana nilipita Isiolo. Barabara ya lami sasa inakwenda moja kwa moja hadi Moyale, na mji umepanuka hadi sikuutambua ule mti tulipokuwa tukiketi. Mzee amekwisha kufariki. Mjukuu wake, msichana anayesomea ualimu, alinionyesha daftari ambamo alianza kuandika majina ya ng'ombe wa nyumbani kwao kama alivyoyasikia kwa babu yake, kila moja na maelezo ya ngozi yake na ukoo wake. Alikuwa na swali moja.

"Mwalimu, hapa juu niandike ng'ombe wa babu au ng'ombe ya babu?"

Nilimwambia aandike kama babu yake alivyosema.