Sindano Imeshikwa na Nani? Chale na Ubunifu Katika Fasihi

Kumezuka mtindo miongoni mwetu wanafunzi wa fasihi wa kuieleza kila chale tunayokutana nayo kitabuni kwa neno moja tu: kujieleza. Mhusika akiwa na mchoro mkononi, basi eti nafsi yake imetoka nje na kukaa juu ya ngozi, na kazi ya mhakiki imekwisha. Hoja hiyo ina ukweli ndani yake, lakini haijakamilika. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba waandishi waliolishughulikia jambo hili kwa makini wanatutaka tuulize maswali matatu kwanza. Nani ameshika sindano? Ngozi ni ya nani? Na nani anayesoma? Nitatumia kazi za Herman Melville, Franz Kafka, Jun'ichirō Tanizaki na Flannery O'Connor. Neno chale nitalitumia kwa michoro yote ya ngozi, ya wembe na ya sindano.

Tuanze na maneno yetu wenyewe. Kiswahili kina chale, tojo na nembo. Tatuu, neno lililozoeleka siku hizi, limetufikia kupitia Kiingereza, nacho kililiokota katika visiwa vya Polinesia wakati wa safari ya Kapteni James Cook ya mwaka 1768 hadi 1771. Wasamoa mpaka leo wanasema tatau. Lakini neno linalonivutia zaidi ni nembo. Tukilisikia leo tunafikiria nembo ya taifa au alama ya kampuni, ilhali maana yake nyingine ni chale za usoni au mwilini. Wamakonde wa kusini mashariki ya Tanzania na kaskazini ya Msumbiji huziita chale zao dinembo. Fundi alichanja ngozi, akasugua mkaa kwenye majeraha, na mchoro ukabaki maisha. Fundi alikuwa na ustadi wake, hilo halina ubishi. Ila aliyechanjwa alikuwa akitiwa alama ya watu wake. Mchoro ulisema "mimi ni wa kwetu" kabla ya kusema "mimi ni mimi". Kwa hiyo kumwita bibi aliyechanjwa akiwa kigori "msanii wa nafsi yake" bila kumuuliza ni kumlisha maneno.

Melville aliijua hofu ya sindano. Mwaka 1842 aliitoroka meli ya kuvua nyangumi akaishi kwa muda katika visiwa vya Marquesas. Katika kitabu chake cha kwanza, Typee (1846), msimulizi anatishwa na fundi anayetaka kwa nguvu zote kumchora usoni. Anaogopa nini hasa? Maumivu ni sehemu ndogo. Anajua kwamba uso ukishachorwa, watu wa kwao hawatampokea tena kama zamani. Yaani anaogopa wasomaji.

Miaka mitano baadaye, katika Moby-Dick (1851), Melville analigeuza suala hilo upande wa pili. Queequeg, mvuvi wa nyangumi kutoka kisiwa cha mbali, ana chale mwili mzima. Zilichorwa na nabii wa kisiwa chake aliyekwisha kufariki, nazo zina elimu nzima juu ya mbingu na dunia na njia ya kuufikia ukweli. Sasa balaa liko hapa: Queequeg mwenyewe hawezi kuzisoma. Mtu amekuwa kitabu, na kitabu hakijui kilichoandikwa ndani yake. Hata hivyo hakai kimya. Anapotakiwa kutia saini ya kuajiriwa melini, anaweka alama inayofanana na mojawapo ya chale za mkononi mwake. Baadaye anaugua hadi anatengenezewa jeneza. Akipata nafuu, anakaa na kulichonga kifuniko chake, akinakili michoro ya mwili wake. Kwa maoni yangu ubunifu wa Queequeg unaanza hapo. Hakuchagua alichoandikiwa, lakini anachagua kukihamishia mahali pengine kwa mkono wake mwenyewe. Na meli inapozama, jeneza hilohilo linaelea na kumwokoa msimulizi, Ishmael. Wahenga walisema ukiona vyaelea vimeundwa.

Ishmael naye ana chale. Ameuchora mkono wake kwa vipimo vya mifupa ya nyangumi, na sehemu nyingine za mwili anataka zibaki tupu kwa ajili ya shairi analolitunga. Tuwalinganishe. Mmoja ana maandishi kamili asiyoweza kuyasoma. Mwingine ana ngozi tupu na uhuru wa kuijaza. Tukiwaweka wote wawili chini ya neno "kujieleza" tunaifuta tofauti ambayo riwaya imejengwa juu yake.

Kafka anaipeleka hoja hii mahali pa kutisha. Katika In der Strafkolonie, hadithi aliyoiandika mwaka 1914 na kuichapisha mwaka 1919, kuna mashine ya sindano inayoandika juu ya mwili wa mfungwa amri aliyoivunja. Mfungwa hajaelezwa hukumu yake wala hakupewa nafasi ya kujitetea. Ofisa anayeiendesha anadai kwamba kazi huchukua saa 12, na kuanzia kama saa ya 6 mtu huanza kuyasoma maandishi kwa majeraha yake. Ofisa anaizungumzia mashine kama fundi anayeionea fahari kazi yake: mistari mizuri, mapambo mengi. Mapambo yapo, ustadi upo, ngozi ipo. Lakini mwenye ngozi hana sauti hata kidogo. Hapa sindano ni ya dola, na uzuri wa mwandiko hauondoi ukatili wake. Unauficha tu.

Tanizaki, katika hadithi fupi Shisei ya mwaka 1910, anamweka msanii mwenyewe kizimbani. Seikichi ni fundi hodari wa chale katika mji wa Edo. Kwa miaka anamtafuta mwanamke mwenye ngozi inayostahili kazi yake kuu. Akimpata binti wa kumfaa, anampa dawa ya usingizi na kumchora buibui mkubwa mgongoni. Binti hakuridhia. Lakini akizinduka, nguvu zimehama: anamwambia fundi kwamba yeye ndiye windo lake la kwanza. Wapo watakaosema binti amekombolewa na chale. Mimi nasita. Nguvu alizozipata zina umbo ambalo mwanamume alikuwa amekwisha kulichagua.

Mwisho ni O'Connor na hadithi yake Parker's Back, iliyotoka mwaka 1965, mwaka mmoja baada ya kifo chake. Hapa mhusika anachagua mwenyewe, analipa mwenyewe. Parker alimwona mtu wa chale kwenye maonyesho akiwa na miaka 14, na tangu hapo amejichora kifua na mikono, kila mara akiridhika kwa siku chache tu. Mgongo ndio uliobaki, kwa sababu hawezi kuuona. Baada ya kunusurika kwenye ajali ya trekta anachorwa mgongoni sura ya Kristo yenye macho makali, akitumaini mkewe mcha Mungu atafurahi. Mke anamchapa ufagio, akimwita mwabudu sanamu. Ukitaka mfano wa kujieleza, huu hapa. Ila tazama: chale iliyo muhimu kuliko zote imewekwa mahali ambapo mwenyewe haioni. Ili maana ikamilike anamhitaji msomaji, na msomaji anakataa.

Najua mwenzangu atanipinga hivi: kila kazi ya fasihi ina msomaji anayeweza kukosea, kwa nini chale ziwe na sheria yao? Jibu langu ni kwamba kitabu kikisomwa vibaya, mwandishi anaweza kukiweka kabatini akatoka nje. Mwenye ngozi anatembea nayo. Anakwenda nayo sokoni, kwa wakwe na kwenye usaili wa kazi, na wapo watakaomwita mhuni kabla hajafungua mdomo. Sifa nazo zinaweza kumfunga hivyohivyo: tukimwita "jasiri anayejieleza" bila kujua alichanjwa na nani, tumemwandika mara ya pili.

Basi napendekeza kwamba katika semina zetu, kabla ya kuandika kwamba chale "inasawiri nafsi ya mhusika", tutafute kwanza ndani ya matini nani alishika sindano, mwenye ngozi alikubali au la, na nani anamsoma. Jibu likiwa ni yeye mwenyewe, tuseme amejieleza. Likiwa ni mwingine, tumtaje huyo mwingine.